Kuondoa Kesi Mahakamani Si Kushindwa

Ndugu msikilizaji, na wewe ndugu msomaji unayeyafuata mazungumzo haya gazetini, wiki hii nataka tuzungumzie jambo ambalo limewapotezea watu wengi mashamba, nyumba na fedha zao. Hawakuvipoteza kwa kukosa haki. Walivipoteza kwa sababu walikwenda kuidai haki hiyo mahali pasipohusika, na walipogundua kosa wakaona aibu kurudi nyuma.

Jambo lenyewe ni hili. Umefungua kesi mahakamani. Katikati ya safari unaambiwa kwamba hukupaswa kuja hapo, ulipaswa kukata rufaa barazani. Je, ung'ang'anie hapo hapo, au uiondoe kesi yako na kwenda huko unakoelekezwa?

Mitaani kwetu hapa Sumbawanga mtu akisikia kwamba fulani ameondoa kesi, husema basi, kashindwa huyo. Wengine husema amehongwa, au ameogopa. Ndiyo maana watu hung'ang'ania kesi isiyo na miguu mpaka itupwe, ilhali wangeiondoa mapema wangebaki na nafasi ya kusikilizwa.

Nianze na mfano ninaoufahamu. Mwaka 2019 mama mmoja mkazi wa Kasense, hapa hapa katika Manispaa ya Sumbawanga, alinijia kazini akiwa na bahasha ya kaki iliyojaa karatasi. Alitaka nimtangazie redioni kwamba ameonewa. Nikamwambia, "Mama, redio haiwezi kukurudishia shamba. Hebu tuzisome kwanza karatasi zako." Akanijibu, "Zisome, mwanangu, mimi zimenichosha."

Habari yenyewe ilikuwa hivi. Mama huyu ni mjane. Marehemu mume wake aliacha shamba la ekari nne katika kata nyingine, ambayo sitaitaja. Walilima humo kwa miaka mingi, kwa matuta ya ntumba kama wafanyavyo Wafipa, mahindi na maharage. Mzee alipofariki, mama aliteuliwa na Mahakama ya Mwanzo kuwa msimamizi wa mirathi. Muda si mrefu mtoto wa shemeji yake akaliuza shamba lile kwa mfanyabiashara mmoja wa mjini, akidai ni mali ya ukoo.

Mama akaenda kushtaki kwenye Baraza la Kata. Wakati ule mabaraza ya kata yalikuwa na uwezo wa kusikiliza na kuamua migogoro ya ardhi ambayo thamani yake haizidi shilingi milioni 3. Baraza likasikiliza pande zote mbili, likaamua kwamba mnunuzi ndiye mwenye shamba. Mama hakuridhika.

Hapa ndipo ilipo njia panda. Sheria ilimpa siku 45 za kukata rufaa kwenye Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, ambalo liko hapa hapa mjini Sumbawanga. Lakini mama alikutana na mtu mmoja anayewaandikia watu barua kwa malipo. Mtu huyo akamwambia, "Baraza la kata ni la wazee tu, si mahakama. Twende tukafungue kesi mpya mahakamani, huko ndiko kwenye hakimu." Mama akaona maneno yale yana mantiki. Si mahakama hiyo hiyo iliyompa barua ya mirathi? Siku ya 31 tangu uamuzi wa kata, kesi mpya ikafunguliwa katika mahakama ya wilaya.

Miezi saba ikapita. Leo hakimu yuko safarini, kesho shahidi hakuja, keshokutwa tarehe imesogezwa. Kisha mama akapata fununu kwamba wakili wa upande wa pili anaandaa pingamizi ili kesi iondolewe bila hata ya kusikilizwa. Ndipo alipoibeba bahasha yake na kuanza kuzunguka nayo.

Ndugu msomaji, kesi ile ilikuwa na kasoro gani? Kasoro zilikuwa mbili.

Ya kwanza ni uwezo wa mahakama yenyewe. Bunge lilipotunga Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi, Namba 2 ya mwaka 2002, lilitenga kabisa njia ya mashauri ya ardhi. Mahakama za mahakimu, yaani za mwanzo, za wilaya na za hakimu mkazi, ziliondolewa mamlaka ya kusikiliza madai yanayotokana na Sheria ya Ardhi na Sheria ya Ardhi ya Vijiji, zote za mwaka 1999. Mirathi huenda Mahakama ya Mwanzo, ndiyo. Jinai ya kuharibu mazao huenda mahakamani, ndiyo. Lakini swali la nani mwenye shamba lina njia yake: mabaraza, kisha Mahakama Kuu, kisha Mahakama ya Rufani. Watu wengi huchanganya mambo haya kwa sababu shamba ni lile lile na ugomvi ni ule ule.

Kasoro ya pili ni kwamba jambo lililokwisha kuamuliwa na chombo chenye uwezo haliamuliwi tena kwa kufungua kesi mpya kati ya watu wale wale. Uamuzi usiouridhia unaukatia rufaa. Usipoukatia rufaa unabaki umesimama, hata kama una makosa kumi ndani yake.

Wapo watakaouliza: kwa nini basi kuwe na mabaraza? Kwa nini mtu asiende moja kwa moja kwa hakimu? Swali hili si geni. Katika miaka ya 1991 na 1992 Tume ya Rais kuhusu masuala ya ardhi, chini ya Profesa Issa Shivji, ilizunguka nchi nzima ikisikiliza malalamiko ya wananchi. Miongoni mwa mapendekezo yake ni kwamba migogoro ya ardhi ianze kusikilizwa na mabaraza ya wazee wanaoishi na watu na wanaozijua mila na mipaka ya mashamba. Hakimu anayehamishwa kila baada ya miaka michache hajui ni nani alifyeka msitu upi. Wazee wa mahali wanajua.

Lakini baraza nalo lina hatari yake, na wananchi wa nchi hii waliionja. Mwaka 1992 ilitungwa sheria, Namba 22 ya mwaka huo, iliyofuta haki za kimila za watu waliokuwa na ardhi kabla ya Operesheni Vijiji. Sheria ile ilinyima fidia, ikazizuia mahakama kusikiliza migogoro hiyo, ikakatisha hata kesi zilizokuwa zinaendelea. Migogoro ikapelekwa kwenye baraza maalumu peke yake. Mzee mmoja na mwanawe kutoka mkoani Arusha, ambao walikuwa wamekwisha kushinda kesi ya shamba lao, wakaipinga sheria ile Mahakama Kuu. Serikali ikakata rufaa. Mwezi Desemba 1994 Mahakama ya Rufani, chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali, ikatoa hukumu ambayo mpaka leo hufundishwa vyuoni.

Mahakama ilisema kwamba ardhi ya kimila ni mali inayolindwa na Katiba, na kwamba mtu hawezi kunyang'anywa bila fidia ya haki. Kuhusu mabaraza, ilisema kwamba si kosa kuyaunda. Kosa ni kuyaweka nje kabisa ya usimamizi wa mahakama, hata mtu asiwe na pa kwenda baada ya hapo.

Tuzingatie vizuri jambo hili, kwa kuwa ndilo jibu kwa wale wanaodharau baraza. Kwenda barazani si kuikimbia mahakama. Barazani ni ngazi ya chini ya nyumba ile ile. Ukipita hapo kwa utaratibu, mlango wa Mahakama Kuu unakungoja huko juu. Ukiiruka ngazi hiyo, unarudishwa chini, na muda wako unakuwa umeliwa.

Sasa turudi kwa mama wa Kasense. Msaidizi wa kisheria aliyezisoma karatasi zake alimshauri aiondoe kesi mwenyewe, mapema, kabla ya pingamizi kufika mezani kwa hakimu. Kwa nini mapema? Kwa sababu pingamizi likishawekwa, mahakama yaweza kuona kwamba unaondoa kesi ili kukwepa pingamizi hilo, na ikaamua kulisikiliza kwanza.

Kuna namna mbili za kuondoa kesi, na tofauti yake ni kubwa. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai inamruhusu mdai kuondoa shauri lake wakati wowote. Akiondoa hivi hivi tu, bila kuomba ruhusa ya kurudi, sheria inamfungia mlango: hawezi kufungua tena shauri jipya juu ya jambo lile lile, na anaweza kuamriwa kulipa gharama za upande wa pili. Lakini akieleza kwamba shauri lina kasoro ya kisheria itakayoliangusha, na akaomba ruhusa ya kuliondoa huku haki yake ya kuanza upya ikihifadhiwa, mahakama inaweza kumkubalia.

Kwa hiyo barua ya mama haikusema tu "naondoa kesi." Ilieleza kwamba shauri limefunguliwa mahali pasipo na uwezo, kwamba anaomba kuliondoa, na kwamba nia yake ni kwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya kuomba kukata rufaa. Hakimu akakubali. Mama akaomba nakala ya amri ile siku hiyo hiyo, ikagongwa muhuri. Karatasi ile moja ndiyo iliyokuja kumwokoa baadaye.

Maana tatizo lilikuwa bado lipo. Siku 45 za rufaa zilikwisha kupita zamani. Kuondoa kesi hakurudishi siku nyuma. Sheria inasema wazi kwamba aliyeondoa shauri anahesabiwa muda kana kwamba shauri lile la kwanza halikuwahi kufunguliwa. Hapa ndipo wengi wanapoanguka. Wanaondoa kesi leo, wanakwenda kulima, wanavuna, halafu ndipo wanapokumbuka rufaa.

Mama hakufanya hivyo. Siku ya tisa baada ya amri alikuwa amekwisha kuwasilisha barazani maombi ya kuongezewa muda, pamoja na hati ya kiapo. Sheria iliruhusu Baraza la Wilaya kuongeza muda ikiwa kuna sababu ya msingi. Na mahakama zetu ni kali katika jambo hili: kila siku uliyochelewa unapaswa kuieleza, hata ikiwa ni moja.

Mama aliweza kuzieleza zote. Siku 31 za kwanza zilikuwa ndani ya muda wa rufaa. Miezi saba iliyofuata alikuwa mahakamani, na amri ya hakimu ilithibitisha hivyo. Siku tisa za mwisho alikuwa akitafuta nakala na kuandikiwa maombi. Mwaka 1997, katika shauri la Fortunatus Masha dhidi ya William Shija, Mahakama ya Rufani ilitofautisha ucheleweshaji wa kweli na ule wa kiufundi. Ucheleweshaji wa kweli ni wa mtu aliyekaa nyumbani amelala. Ule wa kiufundi ni wa mtu aliyefika kwa wakati, lakini karatasi zake zikaonekana zina kasoro na kuondolewa. Huyu wa pili amekwisha kuadhibiwa kwa karatasi zake kuondolewa. Si haki kumwadhibu tena kwa kosa lile lile. Kesi ya mama haikufanana kwa kila kitu na ile, lakini hoja hiyo ilimsaidia, kwa sababu alifungua kesi yake kabla ya siku 45 kwisha, na baada ya kuiondoa hakulala.

Muda ukaongezwa, rufaa ikasikilizwa. Je, mama alishinda shamba? Hapana, na ni vizuri tuseme ukweli. Baraza la Wilaya liliona kwamba kumbukumbu za shauri la awali hazikuonyesha wajumbe waliokaa siku kwa siku. Sheria ilitaka Baraza la Kata liwe na wajumbe wasiopungua wanne na wasiozidi wanane, na watatu kati yao wawe wanawake. Kumbukumbu zisipoonyesha nani alikaa, haijulikani kama baraza lilikuwa halali. Uamuzi ukabatilishwa, ikaamriwa kwamba anayetaka aanze upya.

Majirani walimwambia kwamba amezunguka bure. Mimi sikubaliani nao. Kabla ya rufaa ile kulikuwa na uamuzi uliosema kwamba shamba si lake. Baada ya rufaa, uamuzi huo haukuwapo tena, na mnunuzi akajua kwamba mama huyu anaifahamu njia. Mwaka 2022 pande zote zilikaa zikapatana. Ekari mbili na nusu zikabaki kwa mama na wanawe, mnunuzi akachukua zilizobaki, na yule kijana aliyeuza akabanwa na ukoo arudishe sehemu ya fedha. Mama analima mpaka leo.

Ndugu msomaji, tangu wakati ule sheria imebadilika, nawe usije ukafuata njia ya mama yule hatua kwa hatua. Kwa marekebisho ya mwaka 2021, Baraza la Kata haliamui tena nani mwenye ardhi. Kazi yake ni kusuluhisha, na limepewa siku 30. Wahusika wakipatana, mgogoro umekwisha. Wasipopatana, baraza linathibitisha kwa maandishi kwamba usuluhishi umeshindikana, na mdai anakwenda kufungua shauri lake Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Ukienda bila ya kupita kwenye usuluhishi, au bila ya uthibitisho huo kabla ya siku hizo 30 kwisha, umeiruka tena ngazi. Kutoka Baraza la Wilaya, aliyeshindwa hukata rufaa Mahakama Kuu, ambayo nayo ina kanda yake hapa Sumbawanga. Kwa marekebisho ya mwaka 2016 rufaa hiyo ilipewa siku 45.

Tena, habari hii si ya wenye mashamba peke yao. Mfanyabiashara wa mahindi aliyekadiriwa kodi asiyoikubali naye ana ngazi zake. Kwanza anawasilisha pingamizi kwa Kamishna Mkuu wa Mamlaka ya Mapato ndani ya siku 30, kisha anakwenda Bodi ya Rufani za Kodi, kisha Baraza la Rufani za Kodi, na mwisho Mahakama ya Rufani. Akikimbilia mahakama ya kawaida ataambiwa arudi. Mtumishi wa umma aliyefukuzwa kazi naye, tangu marekebisho ya mwaka 2016, anapaswa kumaliza kwanza rufaa zilizomo katika Sheria ya Utumishi wa Umma kabla ya kwenda kwenye vyombo vya kazi. Hata anayedai haki zake za msingi Mahakama Kuu ataulizwa kwanza, chini ya sheria ya mwaka 1994, kama hakuna njia nyingine ya kutosha ya kupata nafuu.

Kwa hiyo, nini cha kufanya? Nitataja mambo machache ambayo yanaweza kumsaidia mtu yeyote.

Siku uamuzi unaposomwa, uliza hapo hapo: rufaa inakwenda wapi, na nina siku ngapi? Andika jibu. Omba nakala ya uamuzi kwa barua, siku hiyo hiyo, na ubaki na nakala ya barua yako yenye muhuri wa mapokezi.

Ukigundua kwamba uko mahali pasipohusika, usingoje utupwe nje. Omba kuondoa shauri, eleza sababu, na omba haki yako ya kwenda mahali panapohusika ihifadhiwe. Usitoke mahakamani bila amri iliyoandikwa.

Fahamu pia tofauti ya maneno. Shauri likiondolewa kwa sababu ya kasoro, unaweza kurekebisha na kurudi, ukiwa ndani ya muda au ukiongezewa muda. Shauri likitupiliwa mbali baada ya kuamuliwa, hapo huwezi kulifungua tena. Njia iliyobaki ni rufaa. Magazeti yetu huyachanganya maneno haya mawili, lakini wewe mwenye shauri usiyachanganye.

Ukishaondoa kesi, hesabu siku zako kama unavyohesabu fedha. Siku ya kesho ina maelezo yake, na wiki ina maelezo marefu zaidi.

Na mwisho, usimpe kazi mtu kwa sababu tu anajua kupiga chapa. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inawatambua wasaidizi wa kisheria waliosajiliwa, waulize. Tangu mwaka 2021 Kiswahili ndicho lugha ya sheria na ya mahakama, hivyo una haki ya kuielewa karatasi unayotia saini. Usiielewe nusu. Mwambie aliyeiandika akusomee tena.

Nilipokutana na mama wa Kasense mara ya mwisho, sokoni, alikuwa anauza maharage. Nikamwuliza kama bado anayo ile bahasha ya kaki. Akacheka. Akasema ameifunga kwenye mfuko wa nailoni na kuiweka juu ya dari, kwa ajili ya wajukuu. Kisha akaniambia, "Mwanangu, siku ile ningeng'ang'ania kwa hakimu ili watu wasinicheke, leo nisingekuwa na debe hili."

Tukutane tena wiki ijayo.